Taa Ilikuwa ya Aina Gani? Mahakama ya Rufani na Ushahidi wa Mauaji

Hotuba hii niliitoa Bukoba mbele ya wasaidizi wa kisheria, wenyeviti wa vitongoji na wananchi waliokuja kusikiliza. Walioshindwa kufika wameiomba, nami naiweka yote, bila zile picha za ukutani ambazo hata ukumbini hazikusomeka.

Ndugu mwenyekiti wa mkutano, ndugu zangu wasaidizi wa kisheria, wenyeviti wa vijiji na vitongoji, watendaji, baba zangu na mama zangu: wakubwa shikamooni, na wengine hamjambo.

Wapo waliokuja leo kwa sababu mtu wao yuko gerezani, amehukumiwa kunyongwa. Wapo waliokuja kwa sababu mtu wao yuko kaburini, na yule aliyehukumiwa kwa kifo chake ameachiwa na Mahakama ya Rufani. Mmeketi ukumbi mmoja, na nawashukuru kwa hilo. Nitakayosema hayatamfurahisha sana yeyote kati yenu.

Nawauliza. Majaji watatu wa Rufani wakiketi kusikiliza rufani ya mauaji, wanatafuta nini?

Mmejibu haraka: ukweli. Na nimesikia sauti pale dirishani ikisema, "Wanatafuta kosa la kumwachia mtu." Sikukasirikii, ndugu yangu. Ukiwa umefiwa ndivyo inavyoonekana. Lakini hebu tuangalie majaji wale wana nini mezani.

Jaji wa Rufani hamuoni shahidi. Hamuoni akitokwa na jasho, hamuoni akimkwepa mshtakiwa kwa macho, hasikii sauti yake ikikatika. Mezani ana kitabu tu, kumbukumbu ya rufani: hati ya mashtaka, mwenendo wa shauri, vielelezo, hukumu. Kwa kawaida hata swali la wakili halimo mle. Kilichomo ni jibu, limeandikwa kama masimulizi. Jambo lisiloandikwa mle, kwa Mahakama ya Rufani halikusemwa. Mama anaweza kuwa aliwaambia polisi jina la muuaji mara kumi. Kama halimo kwenye kumbukumbu, halimo.

Hapo hapo kuna neema kwa mrufani. Kesi ya mauaji kwetu inasikilizwa na Mahakama Kuu, au hakimu aliyepewa mamlaka ya nyongeza, kwa hiyo rufani inayotoka huko ni rufani ya kwanza. Ile ya unyang'anyi iliyoanzia Mahakama ya Wilaya ikifika Rufani inakuwa imeshapita Mahakama Kuu. Huko juu wanabishania sheria tu. Ya mauaji hapana. Katika rufani ya kwanza mrufani ana haki ya kuona ushahidi wote ukisomwa upya, ukipimwa upya, na majaji wakifikia uamuzi wao wenyewe. Kanuni hiyo iliwekwa katika shauri la Pandya mwaka 1957, ikarudiwa kwenye Okeno mwaka 1972, na mpaka leo mawakili wa Nairobi, Kampala na Dar es Salaam wanaitaja. Msishangae kusikia kesi ya Kenya au Uganda ikitumika Bukoba. Mahakama yetu ya Rufani ilianzishwa mwaka 1979, baada ya Jumuiya ya Afrika Mashariki kuvunjika mwaka 1977 na mahakama ya rufani ya pamoja kuvunjika nayo. Jumuiya ilikufa, hukumu zake hazikufa.

Mtauliza: watapimaje shahidi ambaye hawakumwona? Mahakama ililijibu hilo katika rufani ya Shabani Daudi. Jaji aliyesikiliza kesi ndiye peke yake anayeweza kusema, "nilimtazama shahidi, nikamwamini". Lakini kuna njia nyingine mbili ambazo hazihitaji macho. Moja, maneno ya shahidi yenyewe: yanashikana, au anayoyasema mwanzo anayabomoa mwisho? Pili, maneno yake ukiyaweka kando ya maneno ya wengine, akiwemo mshtakiwa. Hizo mbili zinafanyika kwa kitabu, hata miaka mitano baadaye, hata kama shahidi mwenyewe ameshafariki.

Ndiyo maana nasema, na nitarudia mpaka mnichoke: rufani ya mauaji huamuliwa usiku ule ule wa tukio. Wakili anakuja baadaye sana, jaji baadaye zaidi. Usiku ule, mtu wa kwanza aliyefika baada ya yowe, ameambiwa nini? Ameandika nini?

Sasa twende kwenye migomba.

Nakusanya mashauri kadhaa niliyoyasimamia na kuyafanya moja, ili nisimguse mtu. Nyumba iko katikati ya shamba la migomba. Saa nane za usiku. Mlango unavunjwa kwa jiwe. Baba anatoka chumbani, anakatwa panga, anaanguka sebuleni. Mama anaona. Watu ni watatu, wanakaa dakika chache, wanaondoka. Mahakamani mama anasema: "Niliwatambua. Mmoja ni jirani yetu. Kulikuwa na taa." Jaji wa Mahakama Kuu anamwamini, na mshtakiwa anahukumiwa kunyongwa hadi kufa.

Rufani inafika. Wakili wa Serikali anasimama, anaeleza vizuri sana jinsi mama alivyokuwa jasiri. Jaji mmoja anainua macho kutoka kwenye kitabu anamuuliza: "Taa ilikuwa ya aina gani?"

Wakili anafunua kurasa. Anafunua tena. Imeandikwa "taa", basi.

Mnacheka, lakini ninyi mnajua tofauti. Koroboi si karabai. Chemli iliyopunguzwa utambi si chemli iliyopandishwa. Taa ya sola iliyobakiza chaji kidogo si balbu ya umeme. Ilikuwa juu ya meza au chumbani, nyuma ya pazia? Wauaji walikuwa kati ya taa na mama, yaani aliona migongo yenye mwanga nyuma yake, au taa iliwaangazia usoni? Katika rufani ya Issa Mgara Mahakama ilisema hivyo hivyo: haitoshi shahidi kusema kulikuwa na mwanga, taa hazilingani kwa ukali, na lazima aseme ilikuwa taa gani na mwanga wake ulikuwa mkali kiasi gani. Wenzetu wa Kenya walikwishasema katika Maitanyi, mwaka 1986, kwamba mahakama lazima iulize ukubwa wa mwanga na ulipokuwa ukilinganisha na mtuhumiwa.

Mama wa mashauri yote katika mambo haya ni Waziri Amani, shauri la mwaka 1980. Hakuna wakili wa jinai Tanzania asiyeijua. Mahakama ilisema ushahidi wa kumtambua mtu kwa macho ni dhaifu kuliko aina nyingine zote, na usitumike kumtia mtu hatiani mpaka uwezekano wote wa kufananisha umeondolewa. Ukaangalie shahidi alimtazama mtu yule kwa muda gani, kwa umbali gani, kwenye mwanga gani, na kama alimjua kabla.

Nasikia mama mmoja hapa mbele ananong'ona: "Jirani yangu wa miaka ishirini nimfananishe?" Mama, swali lako ni zito, na sheria imelipa uzito. Kumtambua mtu unayemjua kunaaminika kuliko kumtambua mgeni. Hilo halina ubishi. Lakini nani hapa hajawahi kumwita mtu barabarani kwa jina, mchana kweupe, akageuka akawa siye? Mahakama ya Rufani ya Kenya ilisema katika Kiarie mwaka 1984: shahidi anaweza kuwa mwaminifu kabisa, na akawa amekosea. Mahakama ikikataa utambuzi wako haijakuita mwongo. Nawaomba wasaidizi wa kisheria mliseme hili kwa familia kabla hukumu haijasomwa, kwa sababu nimewaona akina mama wakitoka mahakamani wakilia kwa kudhani wameitwa waongo mbele ya wauaji wa waume zao.

Basi ni nini kinachomwokoa shahidi wa usiku? Jina, lililotajwa mapema. Katika Marwa Wangiti Mwita, hukumu iliyo kwenye ripoti za sheria za mwaka 2002, Mahakama ilisema uwezo wa shahidi kumtaja mtuhumiwa katika nafasi ya kwanza kabisa anayoipata ni dhamana kubwa ya kuaminika kwake. Na kuchelewa bila maelezo, au kutomtaja kabisa, kunapaswa kuishtua mahakama makini.

Turudi kwa mama yetu. Alipiga yowe. Nani alifika kwanza? Mwenyekiti wa kitongoji. Alimwambia nani ameua? Anasema alimwambia. Mwenyekiti aliitwa kutoa ushahidi? Hakuitwa. Au aliitwa, akaaga anakwenda msibani Karagwe. Wenyeviti, mnainamisha vichwa! Ninawasema kwa upendo. Sheria inasema hivi: shahidi muhimu asipoletwa, naye yupo na anapatikana, mahakama inaweza kudhani kwamba angeletwa angesema kinyume. Iko kwenye Aziz Abdallah, 1991. Unakwepa kwa sababu hutaki uadui na familia ya mtuhumiwa, na kwa kukwepa umeshatoa ushahidi: umemsaidia mmoja bila kufungua mdomo.

Nimekaa sana kwenye taa. Nimekaa makusudi, kwa sababu rufani nyingi za huku kwetu zinasimama au kuanguka hapo.

Jambo la pili ni maneno ya anayekufa. Kwetu yana heshima kubwa. Mtu akikata roho akataja jina, kijiji kizima kinaona kesi imekwisha. Nani adanganye akiwa anakwenda kwa Mungu wake?

Mwaka 1934, enzi za Tanganyika, mahakama ya rufani ya Afrika Mashariki ilikutana na shauri la Ramazani bin Mirandu. Marehemu alikuwa amewaambia watu mbalimbali kwamba Ramazani ndiye aliyemshambulia. Watu wengi, jina moja. Ungesema ushahidi huo ni wa chuma. Majaji wakasema: shambulio likitokea gizani tahadhari iwe kubwa zaidi, na kumtaja mtu yule yule kwa watu tofauti kunaonyesha kwamba marehemu aliamini hivyo bila kuyumba; hakuthibitishi kwamba hakukosea. Maneno hayo yamerudiwa na majaji kwa vizazi, kwa mfano katika Jasunga mwaka 1954, wakaongeza kwamba ingawa hakuna sheria inayokataza, ni hatari sana kwa kawaida kumtia mtu hatiani kwa kauli ya marehemu peke yake isiyoungwa mkono na kitu kingine.

Angalieni akili iliyomo mle. Hawakusema anayekufa hudanganya. Wamesema anayekufa naye alikuwa na macho tu, gizani, akipigwa. Na huwezi kumuuliza maswali. Mshtakiwa anakabiliana na shahidi ambaye hatasimama kizimbani kamwe.

Kwa hiyo ukimkuta majeruhi anazungumza, usiridhike na jina. Kama hali yake inaruhusu muulize: umemjuaje? Alikuwa na nini mkononi? Alisema nini? Halafu andika kwa maneno yake yeye, kwa lugha yake yeye, na saa.

Jambo la tatu linanikera, nitalisema kwa kifupi nisije nikakosana na watu. Kukiri.

Mshtakiwa yuko kituoni. Kuna karatasi inayoitwa maelezo ya onyo, na ndani yake anakiri kila kitu, vizuri, kwa mpangilio, hata kwa sarufi ambayo hajawahi kuizungumza. Anafika mahakamani anasema moja kati ya mawili: "Sikusema haya," au "Nilisema, kwa sababu nilipigwa." Hapo jaji anasimamisha kesi na kuendesha kesi ndogo ndani ya kesi kubwa ili ajue kama maelezo yalitolewa kwa hiari. Yasipokuwa ya hiari hayapokelewi. Yakipokelewa huku mshtakiwa ameyakana, kuna Tuwamoi, shauri la Uganda la mwaka 1967: mahakama itafute ushahidi wa kuyaunga mkono, na ikitaka kuyategemea peke yake iwe imejihadharisha na kuridhika kabisa kwamba ni ya kweli.

Halafu kuna saa. Sheria yetu ya mwenendo wa makosa ya jinai inampa polisi saa 4 za kumhoji mtu tangu anapomshika, na muda huo unaweza kuongezwa kwa utaratibu uliowekwa. Mahakama ya Rufani imeondoa kwenye kumbukumbu maelezo yaliyochukuliwa nje ya muda huo bila sababu inayokubalika. Ukiondoa karatasi ile, mara nyingi kesi nzima imekwenda nayo, kwa sababu mpelelezi alishaona amepata ungamo, akaacha kutafuta kingine chochote. Hakwenda kupima umbali wala kumuuliza mwenye duka. Familia inasema mahakama imemwachia muuaji kwa ajili ya saa. Mimi nasema, kama kweli ni muuaji, waliomwachia ni wale walioridhika na karatasi.

Lakini mshtakiwa akiwaongoza polisi mbele ya mashahidi wa kijiji hadi kwenye shimo ambalo hakuna mtu aliyelijua, na mwili ukatoka mle, hapo mambo yanabadilika. Ardhi haikupigwa ili iseme.

Sasa tuseme hakuna aliyeona, hakuna aliyekiri, na marehemu hakusema neno. Kesi imekufa? Hapana. Ushahidi wa mazingira unaweza kumtia mtu hatiani, na wakati mwingine una nguvu kuliko macho. Kipimo chake kiko kwenye Simon Musoke, shauri la mwaka 1958: mambo yote yaliyothibitishwa lazima yasiendane na kutokuwa na hatia kwa mshtakiwa, na yasiwe na maelezo mengine yoyote ya maana isipokuwa kwamba yeye ndiye.

Nitawapa mfano wa kutunga. Wanaume wawili wanakunywa rubisi kilabuni mpaka saa tatu usiku. Wanatoka pamoja, wameshikana mabega. Asubuhi mmoja anakutwa mtaroni amekufa, amepigwa kichwani. Mwenzake hayupo kijijini. Anakamatwa Biharamulo siku chache baadaye. Nyoosheni mikono: nani anasema ana hatia?

Wengi. Haya, tupime. Ipo kanuni ya aliyeonekana naye mara ya mwisho. Mahakama yetu imeieleza katika Mathayo Mwalimu: kama wewe ndiye mtu wa mwisho kuonekana na marehemu akiwa hai, na huna maelezo yanayoingia akilini, unaweza kuhesabiwa kuwa ndiye muuaji. Basi tumuulize. Anasema: "Tuliachana njia panda, mimi nikaenda kwangu. Asubuhi nikasikia ameuawa na vijana wananitafuta kwa mapanga, nikakimbia." Je, njia ile inapitwa na watu wengine usiku? Inapitwa. Walikuwa na ugomvi? Hakuna aliyesema. Amekutwa na kitu cha marehemu? Hapana. Kukimbia kwake: ni hatia, au ni hofu ya kuchomwa moto na wananchi wenye hasira kali? Mnajua wenyewe kinachotokea huku.

Mikono imeshuka. Sasa nibadilishe jambo moja tu: amekutwa na simu ya marehemu, na anasema aliinunua Muleba mwezi uliopita, wakati mwenye kilabu alimwona marehemu akiitumia saa tatu ile ile ya usiku. Eeh. Mikono inapanda tena.

Mmefanya sasa hivi kazi ya majaji wa Rufani. Kila jambo wanaligeuza na kuuliza kama lina maelezo mengine ya maana. Siyo maelezo ya kubuni tu, ya maana. Tuhuma yenyewe hata iwe nzito namna gani haijawa ushahidi. Katika Sawe, mwaka 2003, majaji wa Kenya walifuta hatia ya mauaji kwa kulisema hilo. Hata uongo wa mshtakiwa hautoshi peke yake. Christian Kale, 1992: mtu hatiwi hatiani kwa udhaifu wa utetezi wake, anatiwa kwa nguvu ya ushahidi wa mashtaka.

Kabla sijasahau, yapo mashauri ambayo hakuna anayebisha nani aliua. Kinachobishaniwa ni dhamira. Mauaji ya kukusudia ni kunyongwa. Kuua bila kukusudia ni kifungo ambacho mahakama inakipima, hata kiwe cha maisha. Katika Enock Kipela Mahakama iliorodhesha vya kuangalia: silaha, nguvu iliyotumika, sehemu ya mwili iliyolengwa, idadi ya mapigo, aina ya majeraha, maneno ya mshambuliaji, na mwenendo wake kabla na baada. Pigo moja la fimbo katika ugomvi wa ghafla, na mpigaji ndiye aliyembeba mwenzake kumpeleka hospitali, si sawa na mapanga saba shingoni. Rufani nyingi zinashinda nusu hapo: hatia inabaki, kamba inaondoka.

Sasa niwageukie mliofiwa, kwa lile linalowauma kuliko yote. Mtu anaachiwa kwa kosa la utaratibu, na hakuna hata jaji mmoja aliyesema hakuua. Zamani wazee wa baraza, yaani raia wanaoketi na jaji na kumpa maoni, walikuwa lazima katika kesi za mauaji. Jaji asipowaeleza vizuri mambo muhimu ya sheria kabla hawajatoa maoni, kesi ilihesabika kama haikuendeshwa na wazee wa baraza kabisa. Tangu Tulubuzya Bituro, mwaka 1982, mienendo mingi imefutwa kwa ajili hiyo. Mwaka 2022 sheria ilibadilishwa, wazee wakawa si lazima tena. Binafsi naona ilichelewa. Au ripoti ya daktari aliyechunguza mwili: ikipokelewa kama kielelezo bila kusomwa kwa sauti mshtakiwa akasikia, inaondolewa. Hilo la pili mara nyingi haliui kesi, kwa sababu kifo kinaweza kuthibitishwa kwa njia nyingine. Watu walioosha na kuzika mwili wanatosha kusema mtu amekufa.

Mwenendo ukifutwa, je, kesi inaanza upya? Si kila mara. Fatehali Manji, 1966, inasema kesi haitarudishwa ili kuupa upande wa mashtaka nafasi ya kuziba matundu yake. Kwa hiyo majaji wanalazimika kuangalia tena ule ushahidi: ungetosha, kosa la utaratibu lisingekuwepo? Kama taa bado ni "taa" tu, hakuna cha kurudisha. Mnaona tunavyorudi pale pale.

Na Mahakama ya Rufani yenyewe, haikosei? Inakosea. Nitatoka nje ya nchi kidogo, huko ambako sheria zetu zilitokea.

Uingereza, mwaka 1999, mwanasheria mmoja aitwaye Sally Clark alihukumiwa kifungo cha maisha kwa kuwaua watoto wake wachanga wawili. Daktari bingwa, profesa, aliliambia baraza la mahakama kwamba uwezekano wa vifo viwili vya ghafla vya watoto wachanga kutokea kwa kawaida katika familia kama yake ni 1 kati ya milioni 73. Nani atabishana na milioni 73? Namba ile ilipatikana kwa kuchukua uwezekano wa kifo kimoja na kuuzidisha kwa wenyewe, kana kwamba ndugu wa tumbo moja hawachangii damu wala nyumba. Mwaka 2000 akakata rufani. Majaji wakaona namba ina kasoro, lakini wakasema ushahidi mwingine ni mzito mno, wakaitupa rufani. Alibaki gerezani. Baadaye yakapatikana majibu ya maabara, ambayo daktari aliyechunguza miili hakuyaweka wazi, yakionyesha bakteria katika mwili wa mtoto wa pili. Rufani ya pili, Januari 2003, ikamwachia. Alifariki mwaka 2007.

Majaji wale wa mwaka 2000 walikuwa na kitabu, nacho kitabu kilikuwa na tundu ambalo hawakulijua. Kwetu, Mahakama ya Rufani ikishaamua, kilichobaki ni kuiomba ipitie uamuzi wake yenyewe, ndani ya siku 60, kwa sababu chache sana, kama kosa la wazi linaloonekana kwenye kumbukumbu au mtu kunyimwa nafasi ya kusikilizwa. Huwezi kurudi kusema tu "pimeni ushahidi tena". Kuna Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu pale Arusha, ambayo mwaka 2019, katika shauri la Ally Rajabu, ilisema sheria yetu inayomlazimisha jaji kutoa adhabu ya kifo na kumnyima uchaguzi mwingine inakiuka haki ya kuishi. Kenya mahakama yao ya juu ilishasema jambo kama hilo mwaka 2017 katika Muruatetu. Lakini mwaka huo huo wa 2019 Serikali yetu iliondoa tamko lililowaruhusu watu binafsi kufungua mashauri Arusha moja kwa moja. Mlango ule sasa mtu wa kawaida haupiti.

Hakuna aliyenyongwa Tanzania tangu katikati ya miaka ya 1990, ila hukumu inasomwa vile vile, na mtu analala nayo kila siku. Msiniulize kwa nini majaji wanabishana juu ya utambi wa taa.

Namalizia na mambo ya ofisini, andikeni. Taarifa ya kusudio la kukata rufani ni siku 30 tangu hukumu. Aliye gerezani hahitaji kusafiri wala kulipa wakala: anaikabidhi kwa mkuu wa gereza, nayo inapelekwa. Ndugu msichangishane kumlipa mtu anayedai "anaisukuma". Muda ukipita, kuna maombi ya kuongezewa muda, lakini eleza sababu ya kila siku iliyopita. Mwambieni aliyehukumiwa aombe nakala ya mwenendo wa shauri, na mumsaidie kuusoma, hasa shahidi wa kwanza: alimtaja nani, kwa nani, saa ngapi.

Na wenyeviti, kila mmoja aondoke na daftari, yako mlangoni. Likitokea jambo, kabla hujampigia mkuu wa kituo, andika saa, andika jina ulilotajiwa na aliyekutajia, andika taa ilikuwa ipi na ilikuwa wapi. Kama hukutajiwa jina, andika hivyo hivyo kwamba hukutajiwa. Halafu ukiitwa mahakamani, nenda.

Maswali sasa. Mzee pale nyuma ameinua mkono tangu nilipotaja rubisi. Karibu, baba.